Rangi ya kumwaga na fedha za siri

Wiki hii najibu barua iliyotoka Dumila. Aliyeiandika ni fundi wa kuchora vibao vya maduka, hapo njia panda ya Kilosa ambapo abiria wa Dodoma hushuka kununua nyanya na vitunguu. Anasema ameona gazetini picha ya mchoro wa Mmarekani aitwaye Jackson Pollock. Mchoro wenyewe hauna mtu, hauna mti wala nyumba. Ni rangi tu zilizonyunyizwa na kuchuruzishwa juu ya kitambaa. Ubao ambao yeye hufutia brashi zake kila jioni, anasema, unafanana nao kama pacha. Sasa anauliza: ni nani aliyewaambia watu kwamba ule wa Mmarekani ni kazi kubwa na huu wa Dumila ni uchafu?

Barua hii si ya mzaha. Rais mmoja wa Marekani alipata kuuliza karibu jambo hilo hilo, na ukilifuatilia jibu lake utajikuta umefika Kampala na Nairobi.

Pollock alizaliwa mwaka 1912 katika mji wa Cody, jimbo la Wyoming. Ujana wake uliangukia miaka ya dhiki kuu ya uchumi, na alipona kwa sababu serikali ya Rais Roosevelt ilikuwa na mpango, kati ya 1935 na 1943, wa kuwalipa wachoraji mshahara kama ilivyowalipa wajenzi wa barabara. Mpango huo uliwalisha pia Mark Rothko, aliyezaliwa katika dola ya Urusi akahamia Marekani akiwa mtoto, na Willem de Kooning, Mholanzi aliyeingia Marekani mwaka 1926 kwa kujificha melini. Mwaka 1936 Pollock alijiunga na karakana aliyoifungua mjini New York mchoraji wa Mexico, David Alfaro Siqueiros. Huko walijaribu rangi za kiwandani, wakizimwaga na kuzinyunyiza. Siqueiros alikuwa mkomunisti wa kupindukia. Tafadhali liweke hilo akilini, maana mbele tutalihitaji.

Mwaka 1947, katika banda la shamba huko Springs, kisiwa cha Long Island, Pollock alianza kutandika kitambaa sakafuni na kukizunguka. Alichuruzisha rangi kwa vijiti na brashi zilizokauka. Rangi nyingi alizotumia zilikuwa zile zile za kopo, za kupakia nyumba, ambazo fundi wetu wa Dumila angezitambua kwa harufu. Agosti 1949 gazeti la Life liliwauliza wasomaji wake kama huyu ndiye mchoraji mkubwa kuliko wote walio hai Marekani. Miaka saba baadaye alikufa katika ajali ya gari, akiwa amelewa. Alikuwa na umri wa miaka 44.

Je, ubao wa Dumila na mchoro wa Pollock ni kitu kimoja? Kwa maoni yangu, la. Ubao wa kufutia brashi haukusudiwi na mtu. Pollock aliurudia mchoro, akautazama, akaongeza hapa, akaacha pale, na mwisho yeye ndiye aliyeamua kwamba sasa basi. Tuseme ni kama tofauti ya mtu anayeangusha sufuria na mtu anayepiga ngoma. Lakini fundi hakuuliza kama kuna tofauti. Aliuliza ni nani aliyewaambia watu, na hilo ni suala jingine kabisa.

Mwaka 1946 Wizara ya Mambo ya Nje ya Marekani ilinunua picha 79 za wachoraji wa kisasa ikazipeleka ng'ambo, Ulaya na Amerika ya Kusini, kuonyesha kwamba Marekani nayo ina utamaduni. Magazeti ya nyumbani yakachachamaa: kodi ya wananchi inanunua takataka! Rais Truman alipooneshwa mojawapo mwaka 1947 alisema kama hiyo ni sanaa, basi yeye ni Mhotentoti. Jina hilo ni la dharau walilobandikwa Wakhoikhoi wa kusini mwa Afrika. Yaani rais huyo, alipotafuta mfano wa mtu asiyejua kitu, hakuona wa karibu zaidi ya Mwafrika. Maonyesho yalivunjwa, na picha zikauzwa kwa bei ya kutupa pamoja na masalia ya vifaa vya vita. Mwaka 1949 mbunge George Dondero akatamka Bungeni kwamba sanaa ya kisasa ni silaha ya wakomunisti. Kichekesho ni kwamba Moscow nako picha za aina hiyo zilipigwa marufuku kwa kuitwa uozo wa mabepari.

Sasa tazama kilichofuata. Bunge halikutaka kulipia sanaa hiyo waziwazi. Lakini wapo maofisa walioona faida yake: ikiwa Urusi inawaamuru wachoraji wake kuchora wakulima wenye furaha na matrekta, kuna kitu gani kinachotangaza uhuru zaidi ya mtu anayemwaga rangi apendavyo? Juni 1950, mjini Berlin, lilianzishwa Kongamano la Uhuru wa Utamaduni, ambalo makao yake yalikuwa Paris. Mtendaji wake mkuu, Michael Josselson, alikuwa mtu wa shirika la ujasusi la Marekani, CIA. Fedha zilipitishwa katika mifuko ya hisani, mwingine wa kweli, mwingine wa jina tu. Mwaka 1958 na 1959 Jumba la Sanaa za Kisasa la New York lilizungusha katika miji minane ya Ulaya maonyesho makubwa ya Pollock, Rothko, de Kooning na wenzao, jumla wachoraji 17. Thomas Braden, aliyepata kuwa katibu mtendaji wa jumba hilo, alikwenda baadaye kusimamia shughuli hizo za siri ndani ya CIA.

Wako wanahistoria wanaosema mambo haya yametiwa chumvi, na kwamba jumba lile lingepeleka picha zake Ulaya hata bila majasusi. Huenda. Wachoraji wenyewe hawakuagizwa wachore nini, na wengi wao walikuwa watu wa mrengo wa kushoto ambao wangetapika kama wangejua. Na ile njia ya kumwaga rangi, iliyokuja kupambwa kama bendera ya ulimwengu huru, Pollock alikuwa ameionja katika karakana ya mkomunisti.

Haya, tuje nyumbani. Juni 1962 Chuo cha Makerere kilipokea mkutano wa waandishi wa Afrika. Walikuwapo Chinua Achebe na Wole Soyinka kutoka Nigeria, Ezekiel Mphahlele wa Afrika Kusini, na Langston Hughes, mshairi Mweusi wa Marekani. Alikuwapo pia kijana mwanafunzi wa hapo hapo aliyeitwa wakati huo James Ngugi. Mlipaji alikuwa lile Kongamano la Paris. Jarida la Transition, lililoanzishwa Kampala mwaka 1961 na Rajat Neogy, nalo lilipata msaada kutoka mfuko huo huo. Kituo cha Chemchemi kilichofunguliwa Nairobi mwaka 1963 chini ya Mphahlele kilipata pia.

Siri ilifumuka. Mwaka 1966 gazeti la New York Times lilianza kuieleza, na 1967 hapakuwa na cha kuficha tena. Waandishi waliokula chakula cha Makerere walijikuta wanaulizwa kama walikuwa vibaraka. Mimi siamini walikuwa vibaraka. Transition lilichapa makala kali za Ali Mazrui, ikiwamo ile ya 1967 iliyowachambua wasomi wanaoipenda Tanzania hadi kufumba macho, na lilichapa pia majibu ya waliokasirika. Na Neogy alipotiwa ndani Oktoba 1968 pamoja na mwanasiasa Abu Mayanja, aliyemfunga si mlipaji wa Paris. Ni serikali ya Obote, kwa sababu ya maandishi yaliyoikosoa. Ukisema kila aliyepokea senti zile aliuza nafsi, utamweleza vipi mtu huyo aliyelala gerezani kwa ajili ya jarida lake?

Mahali ambapo fedha ile ilifanya kazi yake ni pengine, napo hatupatazami sana. Mkutano wa Makerere ulikuwa wa waandishi wanaoandika kwa Kiingereza. Hilo lilikuwa ndani ya jina lake. Shaaban Robert wa Tanga, aliyekuwa ameandika vitabu vya mashairi, riwaya na insha kuliko vijana wengi waliokaa pale, hakuwa na sifa ya kualikwa, maana aliandika kwa Kiswahili. Alifariki mwezi ule ule wa Juni 1962. Ngugi mwenyewe, baada ya kurudi kwenye Kikuyu, alilikumbusha jambo hilo kwa uchungu. Mlipaji hakuwa na haja ya kumwambia mtu aseme nini. Ilimtosha kupanga viti.

Na kwa upande wa wachongaji na wachoraji? Wamakonde wa Dar es Salaam walikuwa wakichonga mashetani yao tangu miaka ya 1950, kisha ukazuka mtindo wa mawingu, mpingo uliotobolewa na kupindwa hadi hauoni mtu wala mnyama ndani yake. Hawakusubiri kuambiwa na New York kwamba umbo tupu linaweza kusema. Mteja wao alikuwa mwenye duka la vinyago na mtalii. Hakuna kongamano lililowazungusha miji minane.

Mtanzania aliyeingia katika jumba lile la New York ni Sam Ntiro wa Machame, aliyesoma na kufundisha Makerere. Mwaka 1960 walinunua picha yake ya wanaume wanaopeleka pombe ya ndizi kwa bibi harusi usiku. Ina watu, ina migomba, ina giza. Mwaka uliofuata Tanganyika ilipata uhuru, na Ntiro akapelekwa London kuwa Balozi wetu wa kwanza huko. Kazi hiyo aliifanya hadi 1964, na picha za Wachagga wakilima na kujenga hakuziacha hadi alipofariki mwaka 1993.