Zabuni na Mkataba

Neno zabuni, ambalo asili yake ni Kiarabu na maana yake huko ni mnunuzi au mteja, liliingia katika lugha yetu kwa mlango wa mnada, ambako kuzabuni kulikuwa ni kutaja bei mbele ya dalali. Na hata leo, litumikapo kwa barabara, madaraja na visima vya serikali, halijaacha tabia yake ya kale, kwa kuwa aliyezabuni ametaja bei yake na masharti yake, lakini kazi yenyewe hajakabidhiwa.

Kwa hiyo haifai kuandika, kama tusomavyo mara nyingine, kwamba mkandarasi aliyeliacha daraja nguzo zimesimama bila ya sakafu “amevunja zabuni”. Huyo amevunja mkataba, neno litokanalo na kuandika, na madai juu yake hupelekwa kwa msuluhishi au mahakamani, ambako Sheria ya Mikataba ya Tanzania, Sura ya 345, katika kifungu cha 73, humstahilisha aliyedhurika kulipwa fidia ya hasara iliyozaliwa na uvunjaji huo kwa kawaida ya mambo, wala si hasara ya mbali. Ama yule alalamikaye kwamba bahasha yake ilikataliwa pasipo haki, huyo ndiye mwenye shauri la zabuni, na rufani yake husikilizwa na Mamlaka ya Rufani za Zabuni za Umma.

Basi waandishi na wauhifadhi mpaka huu: zabuni hushindaniwa, mkataba ndio uvunjwao.