Makinikia: Jina na Maana Yake

Wasikilizaji wetu, katika mazungumzo haya twataka kunena habari za neno moja tu. Kabla ya mwaka 2017 neno hili halikujulikana ila kwa watu wachache wenye kazi ya madini. Na katika mwaka ule ule, kwa muda wa miezi michache, likawa kinywani mwa kila mtu, tangu bandari ya Dar es Salaam hata magulio ya Kahama na Geita. Neno lenyewe ni makinikia.

Huenda mtu akasema, "Neno ni neno tu, dhahabu haiongezeki wala haipungui kwa kuitwa jina hili au lile." Maneno hayo ni kweli kwa jiwe likiwa bado ardhini. Lakini jiwe likisha kutolewa, likapimwa, likauzwa na kutozwa kodi, jina lake huandikwa katika hati, na malipo hufuata hati. Kwa hiyo yatupasa tujue jina hili lataja kitu gani.

Kwanza tutazame asili ya neno. Sote twalijua neno makini, lililotoka katika lugha ya Kiarabu, na maana yake ni utulivu na uthabiti. Mtu aliyemakinika ni mtu aliyetulia, asiyeacha mawazo yake kutawanyika; na mwanafunzi huambiwa na mwalimu wake amakinike darasani. Waingereza wanalo neno moja wanalolitumia kwa mambo mawili: kwa mtu akusanyaye fikira zake mahali pamoja, na kwa kitu kilichoondolewa yasiyofaa hata kikabaki kilicho bora tu, kimeshikamana. Umbo la neno makinikia laonyesha kwamba Kiswahili kimefuata njia hiyo hiyo: neno la utulivu wa moyo limetwaliwa likatiwa katika kazi ya mawe.

Basi kitu chenyewe ni nini? Watu wa Usukumani watafahamu upesi tukitoa mfano wa maziwa. Mama hutia maziwa katika kibuyu, akayasukasuka kwa muda mrefu, na siagi ikajitenga. Siagi ile akiipika motoni hupata samli. Sasa, maziwa ni kitu kimoja, siagi ni kitu cha pili, na samli ni kitu cha tatu, ingawa yote yametoka kwa ng'ombe mmoja. Vivyo hivyo katika dhahabu. Jiwe litokalo shimoni huitwa mbale, nalo ni kama maziwa. Mkuo wa dhahabu, uliokwisha kuyeyushwa na kumiminwa, ni kama samli. Makinikia ni ile siagi iliyo katikati: si jiwe tena, wala si dhahabu bado.

Wengine watauliza, "Mbona mgodi wa Geita hausikiki katika habari za makinikia?" Jibu limo katika mawe yenyewe. Mgodi mkubwa wa Geita ulioanza kazi mwaka 2000 humimina mikuo ya dhahabu papo hapo mgodini. Lakini upande wa kusini, katika Wilaya ya Kahama, mkoa wa Shinyanga, uko mgodi wa Bulyanhulu, ambao mawe yake yana tabia nyingine. Humo dhahabu imechanganyika na shaba, na fedha, na chuma, na salfa. Sehemu ya dhahabu ni huru, nayo hukamatwa mapema kwa uzito wake na kumiminwa kuwa mikuo. Sehemu nyingine imejificha ndani ya chembe za shaba na salfa, wala haitoki kwa kuoshwa kwa maji peke yake.

Kwa sababu hiyo mawe husagwa kwa vinu vikubwa hata yawe laini kama unga, yakatiwa maji, na ndani yake dawa maalumu. Kisha hewa hupulizwa chini ya matangi. Dawa ile huzifanya chembe za madini zishikamane na viputo vya hewa, zikapanda juu pamoja na povu, na udongo usio na faida hubaki chini. Povu hukusanywa, hukamuliwa maji, na kinachobaki ni unga mzito wa rangi ya kijivu. Wahenga walisema, "Usione vyaelea, vimeundwa," nao walinena habari za vyombo vya baharini. Lakini hata povu hili halikuelea bure. Unga ule ndio makinikia. Ili kuyatenga madini yake hapana budi kuwa na tanuri kubwa la kuyeyushia shaba. Na kwa kuwa tanuri la namna hiyo halikuwako nchini, makinikia yalitiwa katika makontena yakapelekwa ng'ambo, hata nchi za China, Japani na Ujerumani.

Habari za Bulyanhulu zilianza zamani kuliko neno hili. Wachimbaji wadogo walifanya kazi pale kwa wingi katika miaka ya 1990, na mwezi wa Agosti 1996 waliondolewa katika eneo lile. Mwaka 1999 kampuni ya Barrick ya Kanada ilipata haki za mgodi, na mwaka 2001 mgodi mkubwa wa chini ya ardhi ukaanza kazi. Mwaka 2009 ukafuata mgodi wa Buzwagi, karibu na mji wa Kahama, nao pia ulitoa shaba pamoja na dhahabu. Kwa miaka mingi makontena yalikwenda bandarini, na wananchi walioyaona yakipita waliita mzigo ule mchanga wa dhahabu.

Hapa ndipo jina lilipoanza kuleta ubishi. Aliyesikia neno mchanga aliweza kuwaza mambo mawili yasiyopatana. Mmoja alisema, "Ikiwa ni mchanga tu, una thamani gani? Na uende." Mwingine alisema, "Hakuna mtu avukishaye mchanga bahari. Bila shaka kontena limejaa dhahabu." Wote wawili walidanganywa na jina. Mchanga ni neno la kitu tukikanyagacho kila siku, wala halisemi kilichomo ndani yake.

Mwezi wa Machi 2017 Serikali ya Rais John Pombe Magufuli ilipiga marufuku kusafirisha makinikia nje ya nchi, na makontena 277 yakazuiwa Dar es Salaam. Rais akaunda kamati mbili. Ya kwanza, chini ya Profesa Abdulkarim Mruma, ilipima madini yaliyomo, ikatoa taarifa yake tarehe 24 Mei. Ya pili, chini ya Profesa Nehemiah Osoro, ilichunguza mambo ya uchumi na sheria, ikatoa taarifa tarehe 12 Juni. Taarifa hizo zilisomwa mbele ya taifa zima, na watu wakazisikiliza kwa redio hata vijijini. Ndipo makinikia likawa neno la wote.

Wanafunzi wachukue kalamu, maana hapa ipo hesabu inayofaa kufanywa. Kamati ya kwanza ilisema kwamba kwa wastani kila tani ya makinikia ilikuwa na gramu 1,400 za dhahabu. Hati za kusafirishia mzigo zilionyesha kiasi cha gramu 200 tu kwa tani. Kontena moja huchukua kadiri ya tani 20. Basi kwa hesabu ya kamati, kontena moja lina kilo 28 za dhahabu; kwa hesabu ya hati, lina kilo 4. Zidisha kwa makontena 277. Hesabu ya kwanza yatoa tani 7.8 kwa kukaribia. Ya pili yatoa tani 1.1. Kampuni ya Acacia, iliyokuwa na migodi ile kwa wakati huo, ilikana hesabu ya kamati, ikashikilia kwamba ilitangaza kila kilichokuwamo.

Tazameni jambo hili vizuri. Makontena yalikuwa yale yale na unga ulikuwa ule ule. Ubishi wote ulikuwa juu ya namba moja, yaani gramu ngapi katika tani. Lakini namba ile haikuweza hata kuulizwa na wananchi maadamu kitu kiliitwa mchanga, kwa sababu hakuna aulizaye gramu za mchanga. Jina la makinikia lilileta swali pamoja nalo. Mtu akisema, "Hiki kimekusanywa na kuondolewa yasiyofaa," mwenzake humwuliza, "Kimekusanywa kiasi gani, na ni nani aliyekipima?"

Yaliyofuata yaliandikwa katika sheria. Mwezi wa Julai 2017 Bunge lilipitisha sheria mpya za rasilimali za nchi. Mrabaha wa dhahabu ulipandishwa kutoka asilimia 4 hadi 6, na Serikali ikapewa haki ya hisa zisizopungua asilimia 16 katika migodi mikubwa. Mwezi ule ule Acacia ilidaiwa kodi, faini na riba, jumla dola za Marekani bilioni 190. Mwezi wa Oktoba Barrick na Serikali walitangaza maelewano, na ndani yake ahadi ya malipo ya dola milioni 300. Mwaka 2019 Barrick iliitwaa Acacia yote, na Januari 2020 mapatano yalitiwa sahihi. Kampuni ya Twiga ikashika usimamizi wa migodi, Serikali ikiwa na hisa asilimia 16 na Barrick asilimia 84. Baadaye mwaka ule makinikia yaliyozuiwa yakaanza kusafirishwa.

Wako wasemao kwamba taifa lilishinda, na wako wasemao kwamba kati ya bilioni 190 na milioni 300 upo umbali mkubwa mno. Wako pia wakumbukao kwamba katika miaka ile ya ubishi kazi ya Bulyanhulu ilipunguzwa, na vijana wa Kahama wakapoteza ajira. Hatukuja kuamua kesi hiyo. Twasema tu kwamba gharama ya kutokujua kilichomo ndani ya mzigo ilikuwa kubwa kwa pande zote.

Wala tusidhani ya kuwa jambo hili ni la makampuni na Serikali peke yao. Katika vijiji vya Geita na Shinyanga wachimbaji wadogo wanalo neno lao, marudio, yaani mchanga uliobaki baada ya mbale kusagwa kwenye karasha na dhahabu kukamatwa kwa zebaki. Zebaki hukamata aghalabu chini ya nusu ya dhahabu iliyomo. Iliyosalia hubaki katika marudio, na mara nyingi marudio huachwa kwa mwenye karasha, kana kwamba ni taka. Yeye huyapeleka kwenye matangi ya dawa ya sayanidi, akapata dhahabu ambayo mchimbaji hakuiona. Hapa hakuna mzungu wala meli. Ni jirani na jirani, lakini swali ni lile lile la bandarini. Mwenye mbale alimaliza hesabu yake pale alipoona kimebaki mchanga.

Kwa hiyo twawashauri ndugu zetu wachimbaji: kabla ya kuacha marudio, chukueni sampuli, mkaipime mahali pa kuaminika, nanyi mwafikiane na mwenye karasha mkiwa na namba mkononi. Soko la madini lililofunguliwa Geita mwezi wa Machi 2019 huwapa wachimbaji mizani iliyo wazi kwa dhahabu iliyokwisha kupatikana. Lakini marudio hayafiki sokoni, hupimwa na yule tu anayejua kuuliza. Nanyi wanafunzi, mkilikuta neno geni la madini katika gazeti au katika sheria, msilipite. Ulizeni maana yake, kisha ulizeni kipimo chake.

Hapo ndipo tuyakomeshapo mazungumzo yetu ya leo. Kwa herini.