Ombi, agizo na karatasi ya parke

Mama wa Katuba, mjini Lubumbashi, ambaye mtu amemtishia kumuua huambiwa na ndugu zake: andika barua, peleka ku parke, yaani ofisi ya mwendesha mashtaka. Anatafuta wa kumwandikia, na juu ya karatasi linawekwa neno moja: ombi. Anaomba polisi wamlinde, anaomba wachunguze. Neno hilo lina heshima, ila limetwishwa kazi mbili ambazo sheria ya Kongo imezitenga, na mkanganyo huo unamgharimu siku ambazo pengine hana.

Kifaransa cha sheria kina “requête” na kina “réquisition”. Ni maneno ya shina moja, na masikioni hupishana kidogo tu. La kwanza hupanda: raia anamwandikia mwenye mamlaka, naye aweza kukubali au kukataa. La pili hushuka: mwenye mamlaka anamwandikia anayepaswa kutii. Ofisa wa parke anapompa mpelelezi wa polisi, yaani opeji kama tunavyomwita mjini Lubumbashi, karatasi ya “réquisition d'information”, opeji haulizwi kama ana nafasi. Achunguze, arudishe majibu. Kuiita karatasi hiyo “ombi la upelelezi” ni kumfungulia polisi mlango wa kutokea. Mimi naiita hati ya agizo. “Amri” ningemwachia hakimu, kwa kuwa “amri ya mahakama” imekwisha kuzoeleka katika Kiswahili.

Wengi huruka parke wakaenda moja kwa moja mahakamani, wakimtaka hakimu awatume polisi. Kanuni ya mwenendo wa mashtaka, iliyoanza na dekreti ya tarehe 6 Agosti 1959, haikupanga hivyo. Upelelezi ni wa parke, na opeji hufanya kazi chini yake. Hakimu huamua kesi iliyofikishwa mbele yake. Kweli, kifungu cha 54 kinamruhusu aliyeumizwa kumwita mshtakiwa mahakamani yeye mwenyewe, kwa njia ya “citation directe”, ambayo naitafsiri mwito wa moja kwa moja. Faili halilali tena kwenye meza ya mtu, lakini mzigo wa ushahidi unaubeba wewe mwenyewe.

Kuhusu ulinzi, kuna kifungu ambacho kila mwandikaji wa barua angekikariri. Sheria namba 06/019 ya tarehe 20 Julai 2006 iliongeza kifungu cha 74 bis katika kanuni hiyo ya mwenendo wa mashtaka: katika kesi za ukatili wa kingono, ofisa wa parke au hakimu aliyepokea kesi huchukua hatua zinazohitajika kulinda usalama, afya ya mwili na akili, heshima na faragha ya mwathirika au mtu mwingine anayehusika. Kifungu kinasema “huchukua”, wala hakisemi “aweza kuchukua”. Hapo barua ya raia inabaki ombi, lakini ni ombi linalomkumbusha ofisa au hakimu wajibu wake.

Kuna na neno la tatu, nalo tulifundishwa na Kilwa, mji mdogo ulio kando ya ziwa Mweru. Mnamo Oktoba 2004 jeshi liliua raia huko, zaidi ya 70. Tarehe 28 Juni 2007 mahakama ya kijeshi mjini Lubumbashi iliwaachilia wanajeshi na wafanyakazi watatu wa kampuni ya Anvil Mining kwa mashtaka ya Kilwa. Shauri la waathirika wanane lilifikishwa mbele ya Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao Banjul. Tume ilisema serikali ya Kongo imevunja haki zao, ikaitaka ichunguze upya, iwashtaki wahusika na kuwalipa fidia ya dola milioni 2.5. Ukitafsiri “iliamuru”, unawaahidi jamaa wa Kilwa askari ambao Tume haina. Ukitafsiri “iliomba”, unaifuta hukumu yenyewe. “Iliitaka” ndilo neno.

Ninyi mnaowaandikia watu barua nje ya parke, wekeni “ombi” palipo na jina la raia na “agizo” palipo na sahihi ya ofisa. Kisha mwambieni mama yule arudi kuuliza: agizo limetoka tarehe gani, na amepewa opeji yupi?