Jumba la Mtwana na Hoja ya Mahali Pake

Kusini ya Kikambala, si mbali na hori ya Mtwapa, yamesimama magofu ya Jumba la Mtwana. James Kirkman aliyachimbua mwaka 1972, na vilivyopatikana vikaonyesha kuwa mji huo ulistawi katika karne ya 14 na ukahamwa mapema katika karne ya 15. Swali ni hili: kwa nini watu walijenga nyumba za mawe na misikiti mahali pasipo na bandari?

Majibu yatolewayo ni kuwako kwa maji matamu, pepo za kaskazi na kusi, na usalama, kwa kuwa vyombo vikubwa vya adui havikuweza kutia nanga karibu. Hoja ya pepo haina uzito. Ni sehemu gani ya mwambao huu isiyovumiwa na kaskazi na kusi? Hoja ya usalama ndiyo ya kupimwa. Mji wa Mtwapa, ulio kando ya hori yenyewe, ulidumu hadi karne ya 18, hali Jumba lilikwisha kuwa gofu zamani. Ikiwa kukosa bandari kulikuwa ndiyo kinga, basi kinga hiyo ilimfaa jirani asiyekuwa nayo.

Tena neno bandari lenyewe hutupotosha. Mtepe, chombo kilichoshonwa kwa kamba za kumbi, uliweza kupwelewa mchangani na shehena ikateremshwa. Kwa nahodha wake, ufuko ulitosha.

Aliyeamini kuwa miji hii iliasisiwa na wageni kutoka ng'ambo hakuwa na budi kuanza na bandari. Lakini machimbuo ya Shanga, aliyoyaanza Mark Horton mwaka 1980, yalionyesha mji ukikua hatua kwa hatua kutokana na kijiji cha wenyeji. Mwenyeji huuliza kwanza kisima na shamba. Gedi, iliyo kilomita kadha kutoka baharini, haielezeki vingine.

Wapo pia wanaolitegemea jina, wakasimulia habari za soko la watumwa. Jina hilo ni la waliokuja baadaye. Jina la asili limepotea. Umbo la ukubwa katika neno jumba latuonyesha mshangao wa mtazamaji aliyeyakuta magofu msituni, wala halitwambii lolote juu ya aliyepachagua mahali pale.