Kisu cha Masese (Sehemu ya Tano)

ILIPOISHIA: Mtumbwi wa Waiswa ulichomwa moto na askari wa doria kwenye mwalo wa Masese, Jinja, kwa sababu kuna mtu aliwapigia simu. Waiswa akafia motoni. Pacha wake, Tenywa, amepata fununu kwamba Tajiri wa mabondo amehamia Mbale. SASA ENDELEA…

Matatu ilimshusha Mbale mchana, baada ya Iganga, mashamba ya mpunga ya Mpologoma na Tirinyi. Aliuona mlima Wanale umeusimamia mji, na kabla hajauliza njia akazisikia ngoma za kadodi. Ilikuwa Agosti 2018, na kila mwaka wa shufwa ni mwaka wa imbalu, tohara ya Wagisu. Vijana waliopakwa unga walipita wakicheza, ndugu zao nyuma yao kwa nyimbo. Siku kama hiyo, nani angemjali mgeni aliyefutika kisu?

Kisu chenyewe kilikuwa cha kupasulia sangara. Waiswa ndiye aliyekinoa mara ya mwisho. Kwa kisu hicho walitoa mabondo, vibofu vya hewa vinavyokaushwa na kusafirishwa hadi China kwa bei inayoishinda minofu. Tajiri aliwakopesha wavuvi nyavu na injini, kisha akawapimia mzigo kwa mizani yake mwenyewe. Mtu wa namna hiyo humiliki samaki kabla hajavuliwa! Mtumbwi aliomuuzia Waiswa haukufika futi 28 zilizotakiwa na sheria, naye alijua. Moto ulipowaka, Waiswa aliikimbilia injini. Deni lake lilikuwa halijaisha.

Uani kwa Tajiri watu walifurika. Mwanawe alisimama wima, fimbo mabegani, akimsubiri ngariba. Tajiri alikuwa hatua tatu mbele ya Tenywa, amempa mgongo. Tenywa akaingiza mkono ndani ya koti.

Simu ikatetemeka. Akaiacha. Ikatetemeka tena.

“Tenywa, uko Mbale?”

“Mama, nitakupigia baadaye.”

“Usimguse mtu huyo, mwanangu. Ziwa lilimla baba yenu, nikaapa halitawala ninyi. Nilitaka mtumbwi uungue, mtumbwi tu, ili Waiswa arudi shambani.”

“Unasema nini, Mama?”

“Ni mimi niliyewapigia askari.”

Vigelegele vikapasuka uani: kijana amekatwa na hakutikisika. Kisu kikamponyoka Tenywa, kikagonga jiwe. Tajiri akageuka. Akakitazama kisu, akamtazama mwenye kisu, kisha akainama na kukiokota taratibu, kama mtu aliyekuwa akimngoja mgeni huyu kwa muda mrefu.

“Huyo kwenye simu ni Nalongo, mama yenu?” akauliza. “Basi mwambie amalizie habari. Akwambie siku ile nilimlipa shilingi ngapi.”

Simu ikakatika.

ITAENDELEA JUMAMOSI IJAYO