Zimwi Lisilokuwamo: Troll 2 na Historia ya Kupenda Filamu Mbovu

Katika historia ya sinema kuna desturi moja ambayo wataalamu walichelewa kuitazama kwa makini, nayo ni desturi ya watu kukusanyika kwa hiari yao kutazama filamu ambayo kila mmoja wao anakubali kwamba ni mbovu, wakaicheka, wakakariri maneno yake, na mwishowe wakaipenda. Desturi hiyo ina tarehe zake, majumba yake na watu wake, na mfano wake ulio wazi sana ni Troll 2, filamu iliyopigwa katika jimbo la Utah, Marekani, mwaka 1989 na kutolewa mwaka 1990. Iliuzwa kama mwendelezo, yaani filamu inayochukua kisa pale filamu iliyotangulia ilipokiachia, ilhali haikuendeleza kisa chochote. Na ilikusudiwa kuogofya, lakini imekumbukwa kama kichekesho. Historia yake inaonyesha kwamba kinachopendwa katika filamu za namna hii si ubovu wenyewe, bali ni nia ya kweli ya watengenezaji ambayo ubovu umeshindwa kuificha.

Chimbuko la filamu hii liko Italia, katika biashara iliyostawi tangu miaka ya 1970 ya kupiga haraka, kwa fedha kidogo, filamu zilizofuata nyayo za zile za Marekani zilizokwisha kupata wateja. Silaha kuu ya biashara hiyo ilikuwa jina. Filamu ya George Romero ya mwaka 1978, Dawn of the Dead, ilipooneshwa Italia kwa jina la Zombi, mwongozaji Lucio Fulci alitoa Zombi 2 mwaka 1979, ingawa visa hivyo viwili havikuwa na undugu wowote. Vivyo hivyo, The Evil Dead na mwendelezo wake zilipopewa huko majina ya La Casa na La Casa 2, kampuni ya Filmirage ya mtayarishaji Joe D'Amato ilizidisha hesabu kwa kutoa La Casa 3, 4 na 5, zote zikiwa ni filamu za pembeni zilizovikwa jina la watu wengine. Ya tano iliongozwa na Claudio Fragasso, na ni Fragasso huyo huyo, kwa jina la bandia la Drake Floyd, aliyeiongoza Troll 2 chini ya kampuni hiyo.

Hata hivyo, safari hii jina halikutoka kwake. Fragasso na mkewe Rossella Drudi, aliyeandika mswada, waliiita kazi yao Goblins, neno la viumbe wadogo waovu wa ngano za Ulaya wanaokaribiana na vibwengo wa simulizi za Kiswahili. Wasambazaji wa Marekani ndio walioona faida ya kuinasibisha na Troll, filamu ya John Carl Buechler ya mwaka 1986 ambayo jina lake lina maana iliyo karibu na zimwi. Ndipo mtazamaji akapewa filamu yenye zimwi katika jina lake na isiyokuwa na zimwi hata moja ndani yake, maana waliomo ni vibwengo tu, tangu mwanzo hadi mwisho.

Mazingira ya upigaji wake yalizidi kuipa sura ya pekee. Kazi ilifanyika katika miji midogo ya Morgan na Porterville, ambako kikosi cha Waitalia waliojua Kiingereza kidogo kilikutana na waigizaji wa mahali hapo ambao wengi wao hawakuwahi kuigiza mbele ya kamera. George Hardy, aliyepewa nafasi ya baba wa familia, alikuwa daktari wa meno aliyefika kwenye majaribio akitumaini kuonekana kwa dakika chache tu. Kwa masimulizi ya waigizaji, walipoomba kuyanyoosha maneno ya mswada ili yafanane na Kiingereza cha kila siku, waliamriwa wayatamke kama yalivyoandikwa, neno kwa neno. Na matokeo yake ni mazungumzo ambayo hakuna mzawa wa lugha hiyo angeyatamka nyumbani kwake. Vibwengo nao walivishwa magunia na vinyago vya mpira ambavyo midomo yake haikuweza kujongea.

Kisa chenyewe kinahusu familia ya Waits inayobadilishana nyumba kwa likizo na familia ya kijiji kiitwacho Nilbog, jina ambalo likisomwa kinyumenyume linafichua wenyeji wake ni akina nani. Vibwengo hao hawali nyama, kwa hiyo huwalisha wageni chakula cha rangi ya kijani kinachomgeuza mtu kuwa mmea, kisha humla. Na inajulikana kwamba Drudi alipata wazo hilo kwa kukerwa na marafiki zake walioacha kula nyama. Mtoto Joshua, akiongozwa na mzuka wa babu yake, ndiye peke yake anayeitambua hatari hiyo, na silaha inayomwokoa mbele ya adui hao ni mkate uliojazwa vipande vya soseji.

Mwisho wa filamu unastahili kutazamwa kwa karibu, kwa sababu humo ndimo nia na uwezo vinapoachana waziwazi. Familia inaligusa jiwe la kichawi, nguvu za uovu zinavunjika, wote wanarejea nyumbani salama, na hapo mtazamaji angetarajia kisa kifungwe. Badala yake mama anakula chakula ambacho vibwengo wamekwisha kukitia sumu, na Joshua anapoingia chumbani anawakuta wakiyatafuna mabaki yake katika uji mzito wa kijani, wakimkaribisha naye aonje. Anapiga ukelele, na filamu inakatika. Kwa kanuni za fani, kituko hicho hakikuwa kigeni, kwa kuwa tangu Carrie ya mwaka 1976 na Friday the 13th ya mwaka 1980 filamu za kutisha zilizoea kumshtua mtazamaji mara ya mwisho baada ya kumtuliza. Msomaji aliyelelewa kwa ngano za Kiswahili, ambamo zimwi hupasuliwa tumbo na waliomezwa wakatoka wakiwa hai, atauona ukatili wa hitimisho hilo: mama ameliwa, na hakuna wa kumrudisha. Laiti lingetekelezwa kwa ustadi lingetia uchungu. Lakini vinyago visivyotikisika na uji unaodhihirika kuwa ni rangi tupu vinaligeuza jambo zito kuwa kicheko, bila ya uzito wake kutoweka kabisa.

Filamu hiyo ilipita Marekani kwa njia ya kanda za video na televisheni bila sifa yoyote, lakini ilikuta uwanja uliokwisha kulimwa na wengine. Mwezi Desemba 1970 jumba la Elgin mjini New York lilianza kuonesha El Topo usiku wa manane, na mwaka 1976 jumba la Waverly mjini humo likafanya hivyo kwa The Rocky Horror Picture Show, ambako watazamaji walizoea kujibizana na filamu kwa sauti. Mwaka 1980 ndugu Harry na Michael Medved walichapisha kitabu cha tuzo za dhihaka kilichoivika Plan 9 from Outer Space ya Ed Wood taji la filamu mbaya kuliko zote, na mwaka 1988 kituo kimoja cha televisheni cha Minneapolis kikaanzisha Mystery Science Theater 3000, kipindi ambacho mtu mmoja na roboti zake walitazama filamu duni huku wakizitolea maneno. Hatua hizo zilianza kwa dharau, ila kila hatua iliwazoesha watu kukaa muda mrefu na kazi waliyoidharau, na ukaaji huo ndio uliozaa huruma.

Troll 2 ilinufaika na mabadiliko hayo. Kuanzia katikati ya miaka ya 2000 ilioneshwa mbele ya kumbi zilizojaa, waigizaji wake wakialikwa na kushangiliwa, na Michael Stephenson, aliyemwigiza Joshua utotoni, aliyahifadhi hayo katika filamu ya hali halisi, Best Worst Movie, ya mwaka 2009. Humo Hardy anaonekana akiacha kwa muda kazi ya meno huko Alabama ili kuwarudia watazamaji wanaomjua kwa jina, ilhali Fragasso anashikilia kwamba alitengeneza filamu nzito kuhusu familia, ulaji na kifo, naye anaumizwa na vicheko visivyokuwa mahali alipovikusudia.

Msimamo wa Fragasso ndio ufunguo wa jambo lote. Susan Sontag, katika insha yake ya mwaka 1964 kuhusu ladha ya vitu vilivyopita kiasi, alitofautisha kilichotokana na unyofu na kilichotungwa kwa makusudi, akakipa heshima kile cha kwanza. Filamu zilizopangwa ziwe mbovu, kama Return of the Killer Tomatoes! ya mwaka 1988, humpa mtazamaji mzaha uliokwisha kutafunwa. Troll 2 humpa watu waliojitahidi. Katika onyesho moja mashuhuri, kijana anayelia kwa hofu akimtazama msichana akiliwa ana nzi juu ya paji la uso wake. Nzi anatembea, kijana hamfukuzi, analia hadi mwisho kama alivyoagizwa. Ukumbi mzima hucheka, na ukumbi huo huo hurudi mwaka unaofuata, kwa sababu aliyelia vile bila kujali nzi aliifanya kazi yake kwa moyo wote, na moyo huo umeishi kuliko filamu nyingi zilizopigwa kwa ustadi mwaka ule ule.