Kundi au Daraja? Historia Fupi ya Istilahi za Kapasita za Kauri

Mafundi wa redio wa Temeke, Magomeni na Kinondoni husema kapasita, nasi hatuna ugomvi na neno hilo. Linalotutatiza ni neno daraja, ambalo wafasiri hulitumia wanapozigawa kapasita za kauri.

Kauri za awali, zilizotengenezwa kwa oksidi ya titani, hazikubadilika sana kwa joto, lakini zilihifadhi chaji kidogo. Wakati wa Vita Kuu ya Pili, watafiti wa Marekani, Urusi na Japani, kila upande peke yake, waligundua titanati ya bariamu. Kauri hii huhifadhi chaji nyingi mno katika umbo dogo, ila uwezo wake huyumba halijoto inapopanda au kushuka. Ndipo ikalazimu kuzitenganisha: kundi la kwanza ni zile tulivu, kama C0G, ambayo mafundi huiita NP0, la pili ni jamaa wa titanati.

Alama za kundi la pili zina siri yake. Katika X7R, X ni nyuzi 55 chini ya sifuri, 7 ni nyuzi 125, na R ni badiliko lisilozidi asilimia 15 juu au chini. Z5U huanzia nyuzi 10 hadi 85, lakini katikati ya mipaka hiyo yaweza kupoteza hata asilimia 56 ya uwezo wake bila kuvunja ahadi yoyote. Basi nyuzi 85 si dhamana ya utulivu.

Fundi akiitoa NP0 katika saketi ya kuchagulia stesheni, akaweka Z5U yenye namba ileile, redio itaimba vizuri asubuhi. Mchana, chini ya bati la Temeke, stesheni itahama, na mteja atamwona fundi mwongo.

Aliyepanda treni ya Reli ya Kati ajua maana ya daraja la pili: ni pungufu kuliko la kwanza. Kapasita haziko hivyo, kwani katika kuchuja umeme wa betri X7R ndiyo ifaayo. Kwa hiyo twapendekeza kundi. Na kwa nyuzi zake tuseme mipaka ya halijoto. Masafa, ingawa ni neno zuri, mafundi wa redio wamekwisha kulipa kazi nyingine.